Kompyuta ya Atupele Imenyamaza

Iyunga, Mbeya
2 Machi 2008

Kaka Tito,

Shikamoo. Sisi huku wazima, mvua tu ndiyo haijatuachia. Mama mguu unamsumbua akipanda kile kilima cha kanisani, lakini ukimshika mkono anakunyang'anya. Anasema siku akishindwa kuimba ndiyo utamshika. Shangazi wa Tukuyu alikuja na mkungu wa ndizi, akakaa wiki nzima, akaondoka bila kugombana na mtu. Mpaka leo tunashangaa. Mama anauliza kama huko Durban unakula, au unakunywa chai na kuita chakula.

Utaona naandika kwa ile taipu ya zamani ya shule. Sababu yake ndiyo sababu ya barua hii. Kompyuta uliyonitumia imenyamaza. Haijafa. Naiwasha, nasikia feni, nasikia muziki wake wa kuamka. Halafu pale ambapo sauti ilikuwa inaanza kunisomea, nasikia "ting!" moja, kisha hakuna kitu. Nabonyeza kitufe, ting. Nabonyeza kingine, ting. Wenzangu wana kioo cha kutazama. Mimi kioo changu kilikuwa ile sauti.

Ilikuwa hivi. Ofisini kwetu, hapa kwenye kituo cha msaada wa sheria, tumeletewa msimamizi mpya, anaitwa Respicius. Wakili Kidawa, mkurugenzi wetu, siku hizi anashinda Dar es Salaam, kwa hiyo Respicius ndiye serikali. Ijumaa aliingia chumbani kwangu.

"Dada Atupele, leo nasafisha mashine zote. Zimejaa takataka."

"Hii si ya ofisi. Ni yangu, kaka yangu alinitumia."

"Imekaa juu ya meza ya ofisi," akasema, akavuta kiti changu.

Alikaa pale akibonyeza. Nilisikia mashine ikimwuliza maswali, naye anajibu upesi upesi kama mtu anayefukuza nzi. Alipotoka, sauti haikurudi. Nilipomfuata akaniambia, "Labda imechoka." Kompyuta imechoka, kaka! Kama punda!

Kanda za wajane zimejaa droo. Wanakuja, wanasimulia walivyonyang'anywa mashamba, tunawarekodi, mimi nasikiliza na kuandika. Sasa nani ataandika? Niambie la kufanya. Na tafadhali usianze kwa kunigombeza.

Mdogo wako,
Atupele


Umbilo, Durban
27 Machi 2008

Mdogo wangu Atupele,

Marahaba. Mama, shikamoo, najua ni wewe unayesoma hapa kwa sauti. Ninakula. Bado nakaa na Léonce, yule Mkongo wa Bukavu niliyewaeleza, na huyo hawezi kuona mtu mwembamba akanyamaza. Kazini pia tuko pamoja, dukani kwa Honoré kule Point, simu mbele, kompyuta nyuma. Joto la huku linakulowesha shati kabla hujafunga vifungo.

Umesema nisianze kwa kugombeza. Nimeanza kwa salamu, kwa hiyo sasa nagombeza. Nilikuambia nini siku mashine inafika? Nilisema mtu yeyote asiiguse! Nilisema hata akija waziri! Mama, usiruke hapa, soma. Wewe Atupele unajua kuwaka moto kwa mambo ya wajane, lakini mtu akivuta kiti chako mwenyewe unasogea. Kwa nini ulisogea? Ungepiga kelele mtaa mzima ukasikia. Na huyo msafishaji wenu, mtu anayefuta kitu asichokijua kwenye mashine isiyo yake, mimi sina jina lake la kuandika kwenye karatasi ambayo mama yangu ataishika.

Sasa sikiliza. Hiyo "ting" ni kisanduku cha maneno kilichojitokeza kwenye kioo. Mashine inakueleza shida yake, ila sauti ya kukusomea ndiyo yenyewe iliyokwama. Ichukue mashine uipeleke nyumbani. Mama avae miwani akutajie maneno ya kile kisanduku jinsi yalivyo, herufi kwa herufi, na namba zote. Usiniambie "imeandika kitu cha Kizungu". Nataka kila herufi.

Na fundi yeyote atakayesema tufute kila kitu tuanze upya, kabla hajasoma hayo maneno, mfukuze.

Kaka yako,
Tito


Iyunga, Mbeya
20 Aprili 2008

Kaka,

Shikamoo. Mvua imepungua, mahindi yanakwenda vizuri, Mama anaimba bado.

Mama aliisoma barua yako mpaka pale uliposema "nilikuambia nini", akakohoa, akaibukia kwenye habari za ting. Kile kikohozi nakijua tangu mtoto. Ni cha kuruka mistari. Kwa hiyo sijui ulinigombeza kiasi gani, nami nimekasirika kwa kiasi nilichokisia.

Unauliza kwa nini nilisogea. (Hilo nililipata siku ya pili, nilimbana Mama.) Mtu mwenye macho akisimama mbele ya mashine yangu, papo hapo mimi nageuka mgeni. Ukipiga kelele wanasema kipofu huyu ana hasira. Ukinyamaza wanasema mpole, haelewi. Wewe hujawahi kuchagua kati ya hayo mawili, basi usinifundishe.

Mashine nimeileta nyumbani kwa mkokoteni. Respicius alisimama mlangoni akitazama. Akasema, "Hata ukiipeleka, dada, vitu hivi vilitengenezwa kwa watu wanaoona." Unajua nilimjibu nini? Nilimwambia, "Karibu." Kwa sababu ndiyo kazi aliyonipa sasa. Nimewekwa kiti mlangoni, wageni wakiingia niseme karibu. Kanda amempa binti wa mjomba wake, mtoto wa mjini asiyejua Kinyakyusa hata cha kuombea chumvi. Wajane wetu wanalia kwa Kinyakyusa, yeye anaandika kwa kubahatisha.

Haya, kisanduku chako. Mama alivaa miwani. "Kuna kitu cha kijivu, kina alama nyekundu kama msalaba umelala." Soma, Mama. "Kizungu." Taja herufi. Akataja moja moja, mimi nikizishika kichwani na kuziunga, mpaka wali ukaungua jikoni naye akanilaumu mimi. Maana yake ni hii: programu imeshindwa kuanza kwa sababu faili linaloitwa MSVCR71.dll halikupatikana, na kwamba kuiweka upya programu huenda kukasaidia.

Mama akauliza, "Kama limepotea, si litafutwe?" Nikaona ana akili kuliko ofisi nzima.

Atupele


Umbilo, Durban
10 Mei 2008

Mdogo wangu,

Mama, shikamoo. Pole na wali. Hapa baridi imeanza kidogo, ile yao ya baharini, Mnyakyusa hawezi hata kuiita baridi.

Atupele, nimesoma habari za kiti cha mlangoni na nimeitupa barua chini. Léonce akaiokota. Tuyaache, maana nikianza hapo sitafika kwenye faili.

Mama, soma polepole. Programu haibebi kila kitu chake. Kumbukeni masufuria makubwa ya mtaa wetu, yale ya misiba na harusi, yanayotunzwa kwa mzee wa jumuiya. Hakuna nyumba inayonunua la kwake. Ukifiwa, unakwenda kuazima. Ndani ya kompyuta kuna mafaili ya namna hiyo, na majina yake yanaishia na dll. Kazi ambazo programu nyingi zinazihitaji huwekwa humo mara moja, na kila programu ikiamka inakwenda kuazima. Sasa Respicius aling'oa programu nyingine, labda mchezo, labda kitu cha hesabu. Mashine ikamwuliza: faili hili linatumiwa na wengine pia, nilifute? Ndiyo yale maswali uliyoyasikia. Naye akajibu ndiyo, ndiyo, ndiyo. Ni mtu anayehama mtaa akapakia masufuria ya jumuiya kwenye lori lake. Sauti yako ilipokwenda kuazima ikakuta kabati tupu.

Kwa hiyo sauti haijaharibika. Ni nzima, imekosa kitu kimoja tu.

Kwanza Mama atazame kwenye kioo kile kikapu cha taka. Kama faili lipo humo, lirudisheni. Sidhani kama lipo. Pili, faili hili lina matoleo, na la mashine nyingine linaweza kukataa. Njia safi ni kuiweka upya programu yenyewe pamoja na mafaili yake yote, na hiyo nitakutumia kwenye CD. Kuna mama Mkongo, Agathe, anafanya biashara hapa Point. Mwisho wa mwezi anapanda basi mpaka Tunduma, ataifikisha Mbeya.

Tatu, na Mama ukiruka hapa nitajua: USIENDE internet kafe kulipakua hilo faili peke yake. Kuna tovuti zinayagawa bure. Hujui nani kalipika wala kaweka nini ndani. Nimezika mashine nyingi za watu kwa sababu hiyo. Subiri CD.

Tito


Iyunga, Mbeya
29 Juni 2008

Kaka Tito,

Shikamoo, kwa kuwa nimelelewa.

CD haijafika. Simu yako haipatikani. Mwezi uliopita redio ilisema wageni wanafukuzwa huko Afrika Kusini, wanapigwa, na Mama akaizima redio kama vile ukiizima na wao wanaacha. Halafu ukaja ujumbe kutoka namba ngeni: "Mimi mzima nitaandika." Basi. Mama akasema umetosha. Mimi haukunitosha. Nikaipiga ile namba, akapokea mwanamke, akasema kwa Kiswahili cha Kikongo kwamba simu ni yake, iliazimwa tu, kisha hela ikakatika.

Ofisini, yule mjane wa Rungwe niliyekuwa nimempigia taipu nusu ya kanda yake, kesi yake imekwisha. Alisema shemeji zake waling'oa miti ya mpaka. Yule binti wa mjomba wa Respicius akaandika kwamba walipanda miti ya mpaka. Baraza la ardhi likasoma karatasi, likamwuliza, sasa mama, unalalamika nini? Alitoka pale akaja kukaa kwenye benchi karibu na kiti changu. Hakulia. Aliniuliza tu, "Mwanangu, mimi nilisema nini siku ile?" Nikamwambia alichosema, neno kwa neno, maana kanda ile ninayo kichwani. Sijawahi kutamani kumpiga mtu kama siku ile, na ningempata, maana Respicius anavaa viatu vinavyolia.

Nikatoka pale, nikamchukua Mama, tukaenda internet kafe Mwanjelwa, tukalipakua hilo faili. Ndiyo. Nimefanya ulichokataza. Kijana wa pale akaliweka kwenye flashi, tukaliingiza. Sasa kisanduku kimebadilika maneno, sauti bado hakuna, na mashine inatambaa kama imefungwa jiwe. Inafungua vitu yenyewe.

Nigombeze. Lakini kwanza jibu: uko wapi, na una nini?

Atupele


Point, Durban
20 Julai 2008

Kwa Atupele mdogo wangu, na kwa Mama,

Salamu nyingi sana kutoka huku. Mimi niko mzima, hakuna tatizo. Simu iliibiwa na kazi iko mingi, ndiyo sababu barua imechelewa. Tumehama Umbilo, sasa tunakaa Point, juu ya kuwa karibu na duka. Watu wote iko salama. Musiogope redio.

Ile kosa ya kupakua faili, hapana mbaya, inaweza kumfikia kila mtu. Agathe hakusafiri. Sasa amepatikana mtu mwingine, dereva wa lori, atafikisha CD mbili. Ya kwanza iko na dawa ya virusi. Wakati mashine inaamka, Mama abonyeze kitufe cha F8 mara nyingi mpaka kioo kiwe cheusi na maandishi meupe, achague mstari ulioandikwa Safe Mode. Hapo mashine inaamka na vitu vichache tu, ule uchafu unabaki umelala. Muweke CD ya kwanza, muiache ifanye kazi mpaka mwisho, hata ikichukua siku nzima. Faili mulilopakua mulifute. Kisha muzime, muwashe kawaida, muweke CD ya pili. Hiyo itarudisha programu ya sauti pamoja na mafaili yake yote. Ikiuliza maswali, Mama asome kwanza ndipo ajibu.

Musalimie wote. Tuko pamoja.

Tito


Iyunga, Mbeya
12 Agosti 2008

Kwa aliyeandika barua ya Julai,

Sikupi shikamoo mpaka nijue ni nani.

Mama alikuwa akisoma, nami nasikiliza. "Kazi iko mingi." Nikanyoosha shingo. "Juu ya kuwa karibu na duka." Nikamwambia, Mama, rudia. Akarudia. "Watu wote iko salama." Tangu lini kaka yangu, mtoto wa Tukuyu, anasema watu iko? Halafu eti kupakua faili hapana mbaya! Tito hajawahi kuniambia hapana mbaya hata siku niliyovunja kikombe. Tito angeandika ukurasa mzima kwa herufi kubwa.

Nikasema, "Mama, mwandiko huo ni wa nani?"

Akakohoa.

"Mama!"

"Si wake," akasema. "Nimeuona tangu bahasha."

Alijua, Tito! Alikaa na barua siku nne kabla ya kunisomea, akipika, akiimba, akinisalimia asubuhi. Nilimwambia maneno ambayo mtoto hamwambii mama. Nilimwambia macho yake si yake peke yake, ni ya nyumba nzima, na akinificha anachokiona amenipofusha mara ya pili. Akatoka akaenda kukaa nje. Sijaomba radhi. Bado nina hasira naye, na nina hasira zaidi nawe.

Kaka Léonce, maana najua ni wewe, CD zimefika, asante kwa maelekezo. Yamefuatwa. Dawa ya virusi ilifanya kazi kuanzia chai ya asubuhi mpaka kuku wakarudi bandani, ikakamata uchafu mwingi. CD ya pili ilipomaliza, Mama akazima, akawasha. Muziki. Kisha ile sauti, kwa lafudhi yake ileile ya padri mgeni wiki yake ya kwanza parokiani, ikanisomea ilichoona mezani. Nilishika ukingo wa meza. Mama alinishika bega, nikamwachia.

Siku tatu baadaye Wakili Kidawa alikuwa ofisini. Nikairudisha mashine kwa mkokoteni uleule. Kanda ya yule mjane nilikuwa nimeiandika upya nyumbani. Nikaingia katikati ya mkutano, nikaiweka mezani, nikaiacha isome.

Wakili Kidawa akachukua ile karatasi iliyokwenda barazani, akailinganisha.

"Respicius, hii mashine uliniambia imekufa."

"Ilikuwa imekufa, mheshimiwa. Mimi nilisafisha tu."

"Ilipokuuliza kama ifute, ulisoma swali?"

"Maswali yalikuwa mengi."

Nikasema, "Na mimi nilikuwa nimesimama nyuma yako. Ungeniuliza lolote kati ya hayo ningekujibu." Nilisema kwa sauti ambayo hata jikoni waliacha kuosha vikombe.

Nimerudishiwa kiti. Kanda zote zinaandikwa upya na rufaa ya mjane imepelekwa. Lakini mahindi ya shamba lile shemeji zake wameshayavuna, hakuna CD ya kuyarudisha. Na Respicius bado yupo, amepewa onyo. Bado viatu vyake vinalia.

Sasa sikia, Tito. Sitaki barua ya karatasi tena. Niandikie kwenye kompyuta, weka kwenye CD, nisomewe na mashine yangu. Si Mama, si jirani. Niambie kwa nini hushiki kalamu.

Atupele


Point, Durban
14 Septemba 2008

Atupele,

Hii naandika mwenyewe, herufi moja moja, kwa mkono wa kushoto. Kwa mara ya kwanza tuko wawili tu.

Umeuliza kwa nini sishiki kalamu, na najua swali linalofuata ni kwa nini sikusema. Barua zangu zote zinapita mdomoni mwa Mama. Ningeandika kwamba nimepigwa, ni yeye ambaye angelazimika kulitamka, kwa sauti yake mwenyewe, na wewe umekaa pale unasikiliza. Sikuweza kumtwisha sentensi ile.

Ilikuwa Mei, jioni, jua halijazama. Kundi la watu liliingia jengo letu la Umbilo likigonga milango. Walikuwa wanamsimamisha mtu, wanamwonyesha kiwiko, wanamwambia ataje neno lake la Kizulu. Ukishindwa, wewe ni kwerekwere, mgeni wa kufukuzwa. Léonce alivutwa ndani na bibi mmoja Mzulu wa ghorofa ya chini, gogo kama wanavyoita huku, ambaye tulikuwa tunamfungia mtungi wa gesi. Alisimama mlangoni akawatukana mpaka wakapita. Mimi walinikuta kwenye ngazi. Neno nalijua, Atupele. Nimekaa hapa miaka mitano. Lakini halikutoka.

Aliyeshika chuma mkononi alikuwa jirani yetu wa ghorofa ya juu. Pasaka nilikuwa nimeweka kompyuta ya binti yake sawa, wakanipa nyama kwenye sahani. Alinitazama usoni kabla ya kupiga.

Mkono wa kulia umevunjika sehemu mbili. Uliungwa vibaya, vidole viwili havikunji. Tulilala kwenye ukumbi wa kanisa wiki kadhaa. Agathe alikuwepo humo, mizigo yake yote imechomwa, na ile CD niliyompa akuletee ndani yake. Ile namba uliyopiga ilikuwa yake. Sasa nimerudi kazini. Mimi nasema, Léonce anashika bisibisi. Mikono yake ndiyo mikono yangu, na mwandiko wake ndio ulionisaliti.

Sasa la wiki iliyopita. Alikuja dukani. Yule yule. Amekumbatia kompyuta ya binti yake, akaiweka kaunta bila kunitazama. Akasema kwa Kiingereza, haifunguki, inasema kuna faili limekosekana.

Nikaiwasha. Kisanduku cha kijivu kikajitokeza. Ilikuwa shida ndogo, programu iliyong'olewa vibaya, kazi ya muda wa kunywa chai.

Nikamwambia, "Unanijua."

"Hapana."

"Umbilo. Kwenye ngazi."

Ndipo akautazama mkono wangu. Akaanza kuzungusha waya wa mashine kwenye vidole.

Nikasema, "Naliona tatizo lako, na nitalitengeneza. Lakini kwanza taja jina langu. Mke wako analijua, binti yako analijua. Nimekula kwenye sahani yako. Sema naitwa nani."

Wateja wa simu kule mbele waligeuka. Hakuwa analijua, Atupele. Hakujifanya. Alinitafuta usoni kama mtu anayetafuta ufunguo, na jina halikuwemo.

"Basi ondoka nayo," nikasema. Nilipiga kelele. Nilimwambia mengine ambayo siyaandiki. Akaikumbatia mashine akatoka.

Honoré akaja mbio kutoka mbele. "Tito! Unafukuza client juu ya nini?" Léonce akamwambia yule ni nani. Honoré akauliza kwa sauti ya chini, "Sasa amepita njia gani?" Ikabidi tumshike.

Nilidhani nikimfukuza nitapata nafuu. Sikupata. Usiku, mchana, nafikiria yule binti anayengoja kompyuta yake, naye hakunifanyia kitu. Kisha nafikiria zile ngazi, hasira inaanza upya toka mwanzo.

Usimwambie Mama.

Tito


Iyunga, Mbeya
5 Oktoba 2008

Kaka yangu Tito,

Shikamoo. Shikamoo tena, kwa ile niliyokunyima.

Nilingoja Mama aende mazoezi ya kwaya ndipo nikaweka CD. Sauti ikaanza, nami nikaipandisha, maana mvua za kwanza zilikuwa zinapiga bati. Sikusikia mlango. Mguu ulikuwa umemrudisha njiani. Ilipofika kwenye habari za ngazi nikasikia pumzi nyuma yangu, nikarusha mkono kuizima.

"Usiizime," akasema. "Iache imalize."

Ilimaliza. Hata pale "usimwambie Mama" ilisoma, kwa lafudhi yake ya padri, bila aibu. Mama akasema, "Anza tena juu." Nikaanza tena. Safari ile alikuwa amekaa.

Mimi juu ya yule mtu sina la kukufundisha. Ungemtengenezea ningekasirika, umemfukuza nami nimelia. Yule binti nampa pole, ila si wewe uliyemnyima kompyuta.

Halafu Mama akaanza kugomba. Alinigombeza mimi, akakugombeza wewe, akamgombeza marehemu baba kwa kukuruhusu uende, akamgombeza aliyeuunga vibaya mkono wako hospitalini. Alipochoka akanisukuma pembeni ya meza akaniambia niandike anayosema, nisiongeze wala nisikohoe. Haya ni yake:

"Tito. Mimi nimezaa watoto wawili, na wote wawili mnanifanya yai. Niliona mwandiko si wako nikanyamaza, nikidhani namkinga mdogo wako. Wewe ukanyamaza ukidhani unanikinga mimi. Nyumba nzima tumekaa tunakingana na hakuna hata mmoja aliyelala. Basi imetosha. Jumapili baada ya ibada, piga simu. Usiniulize mvua wala mahindi. Anza na kidole gumba, uje kimoja kimoja, uniambie kipi kinakunja na kipi hakikunji. Nami nitakaa hapa hapa nikusikilize mpaka mkono uishe."